Asiyekuwapo, na Lake Lipo

Wahenga walisema: Asiyekuwapo na lake halipo. Ni methali ya kweli katika mambo mengi. Sufuria ya wali haimngoji aliyechelewa, wala gari la Mgeta halirudi nyuma kumfuata mtu aliyelala. Lakini pana mahali pamoja ambapo methali hii haina ruhusa ya kuingia, napo ni mbele ya hakimu. Mahakamani asiyekuwapo, na lake lipo. Likiwa halipo, basi hata alichopewa yule aliyekuwapo si haki, ni bahati tu.

Twasema hivi kwa sababu ya jambo moja linalowafika watu wengi wenye mashauri ya madai, walakini halizungumzwi sana. Shauri limefutwa kwa kuwa mdai hakufika mbele ya hakimu. Baadaye mdai anaomba shauri lake lirejeshwe, na mahakama yakubali. Je, yule mdaiwa, ambaye alikwisha kuambiwa kwamba shauri limekwisha, anastahili kutendewaje? Swali hili laonekana kuwa la makarani na mawakili peke yao. Sivyo. Ni swali la haki, na haki ni jambo la kila mtu.

Tutoe mfano. Tumeutunga wenyewe, si habari ya mtu fulani. Mkulima mmoja wa Mgeta, kule juu Uluguru, alimwuzia mchuuzi wa Mwembesongo, hapa mjini Morogoro, lori kuukuu la kubebea kabichi na viazi. Walipatana kulipana kwa mafungu. Sasa mkulima anadai kwamba fungu la mwisho hajalipwa. Mchuuzi anasema amelipa yote, naye anazo stakabadhi, tena utingo wake alikuwapo fedha zikihesabiwa. Wameshindwa kupatana, na shauri limefika Mahakama ya Wilaya. Siku ya kusikilizwa yaangukia katikati ya masika. Mvua imenyesha usiku kucha mlimani, udongo umeporomoka njiani, gari haliwezi kushuka. Mahakamani jina la mkulima laitwa, hapana anayeitika. Mchuuzi yupo pamoja na shahidi wake. Hakimu anafuta shauri.

Mchuuzi anarudi nyumbani. Anamwambia mke wake: Shauri limekwisha. Wala hasemi uongo, maana ndivyo alivyosikia kwa masikio yake mwenyewe kutoka kinywani mwa hakimu. Stakabadhi anazitia sandukuni. Utingo anapata kazi nyingine Ifakara, anakwenda zake. Lori laendelea kupanda na kushuka mlima, na chakula cha watoto chatoka humo.

Sasa tumtazame mkulima. Naye si mtu mvivu. Alikuwa amekwisha kufunga mzigo wake, akazuiwa na jambo ambalo hakuna binadamu aliye na amri juu yake. Ingekuwa ni ukatili kumwambia kwamba dai lake limekufa kwa sababu mvua imenyesha. Ndiyo sababu sheria imemwachia mlango.

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, katika Amri yake ya Tisa, yapambanua hali mbili. Ikiwa pande zote mbili hazikufika na shauri likafutwa, mdai aweza kufungua shauri jipya, mradi muda wa sheria haujapita, au aweza kuomba lile la kwanza lirejeshwe. Lakini ikiwa mdaiwa amefika, naye hakubali dai, na mdai ndiye aliyekosa kufika, shauri likifutwa mdai hana ruhusa ya kufungua jingine kwa sababu ile ile. Umebaki mlango mmoja tu: aiendee mahakama hiyo hiyo, aonyeshe sababu ya kutosha iliyomzuia, aombe shauri lirejeshwe. Tena mlango huo una siku zake. Zikipita, hana budi kwanza kuomba aongezewe muda, na kutoa hesabu ya kila siku aliyochelewa. Kadhalika kwa watu wenye mashauri ya ardhi, Kanuni za Mabaraza ya Ardhi na Nyumba ya Wilaya za mwaka 2003 zilitoa siku 30 za kuomba amri ya namna hiyo iondolewe.

Twausifu mlango huu. Uamuzi mmoja wa Kenya uliochapishwa mwaka 1967, na kuungwa mkono na Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki mwaka 1968, ulieleza vizuri kazi yake, ingawa ulihusu hukumu iliyotolewa bila mdaiwa kuwapo. Ulisema kwamba uwezo huu wa mahakama umewekwa ili mtu asionewe kwa sababu ya ajali, kusahau, au kosa linaloweza kusameheka. Haukuwekwa ili kumsaidia mtu aliyekusudia kuizuia haki au kuichelewesha. Hivyo huruma yapewa mpaka wake. Aliyezuiwa na maporomoko anasikilizwa. Aliyekaa kilabuni siku ya shauri lake, kisha akasingizia maporomoko, hana la kusikilizwa.

Lakini hapa ndipo tunapoomba wasomaji wetu watulie kidogo. Huruma ya hakimu si kama sadaka itolewayo mfukoni mwa mtoaji mwenyewe. Hakimu anapomrudishia mkulima shauri lake, anamwondolea mchuuzi kitu. Anamwondolea amani aliyopewa na mahakama ile ile. Mtu anayetoa cha mwenziwe, hata kwa nia njema namna gani, yampasa kwanza amwulize mwenyewe.

Ndiyo maana, pale ambapo mdaiwa alifika na mdai akakosa, sheria yasema wazi kwamba amri ya kurejesha shauri isitolewe mpaka taarifa ya maombi hayo imeufikia upande wa pili. Sababu zake ni mbili. Ya kwanza ni ukweli. Mwamba ngoma, ngozi huivutia kwake. Mkulima atasema njia ilikatika. Lakini mchuuzi ndiye mwenye lori, naye ajua kama siku ile njia ya Mgeta ilipitika au haikupitika. Pengine atakiri kwamba ni kweli, na maombi yaishe kwa dakika tano. Pengine atasema lori lake lilishuka salama saa mbili asubuhi, likiwa na abiria watatu. Hakimu asipomwuliza atajuaje? Sababu ya pili ni heshima. Hata kama mchuuzi hana la kupinga, anayo haki ya kueleza hasara yake: shahidi amekwenda mbali, siku za kazi zimepotea, nauli imetumika bure. Mahakama ikiyajua hayo yaweza kumrejeshea mdai shauri lake na papo hapo kumwamuru alipe gharama za siku ile iliyopotea. Kwa njia hiyo wote wawili wametendewa haki, wala hakuna aliyependelewa.

Hadi hapo watu wengi wataafikiana nasi. Shida kubwa yatokea hatua moja mbele. Tuseme mchuuzi alipata taarifa ya maombi, akafika, akasema yaliyo yake. Hakimu akaahidi kutoa uamuzi tarehe fulani. Tarehe ikafika, hakimu yuko safarini, karani akawaambia watu waende, watapewa habari. Mkulima, kwa kuwa ndiye mwenye haja, akawa anapita mahakamani kila ashukapo sokoni. Siku moja akakuta uamuzi unasomwa: shauri limerejeshwa. Siku ya kuendelea ikapangwa papo hapo, mbele yake peke yake. Mchuuzi hakupelekewa hati ya wito. Siku ilipofika, jina lake likaitwa, hapana anayeitika. Mkulima akaapa, akatoa ushahidi wake, hukumu ikatoka. Habari ya kwanza mchuuzi aliyoipata ni dalali wa mahakama amesimama uani pake asubuhi, na karatasi mkononi, akidai ufunguo wa lori.

Ni nani aliyekosa? Tukiuliza mmoja mmoja, kila mtu atasema ametimiza kazi yake. Mkulima atasema: Mimi nilifika kila nilipoitwa. Karani atasema: Tarehe iliandikwa kitabuni. Hakimu atasema: Jina liliitwa, na asiyefika sheria yaruhusu aendelewe bila yeye. Hata dalali atasema: Mimi nina amri yenye mhuri. Walakini lori limekwenda, na ndani yake mmekwenda kitu kikubwa kuliko lori. Mtu aliyeitii mahakama kwa kila neno amepata adhabu ya mtu aliyeidharau.

Twaona kwamba kosa liko katika neno moja, nalo ni kutokuwapo. Watu huliona kuwa ni neno moja lenye maana moja, kumbe ndani yake mna watu watatu. Yuko aliyeitwa akakataa. Yuko aliyeitwa akazuiwa. Na yuko ambaye hakuitwa kabisa. Wa kwanza ajilaumu mwenyewe. Wa pili ndiye aliyewekewa mlango wa kuomba shauri lirejeshwe. Wa tatu hakukosa neno lolote. Hata kusema kwamba hakufika si sawa, kwa maana mtu hakosi kufika mahali asipoitwa. Katika mfano wetu mkulima alikuwa mtu wa pili, akahurumiwa. Mchuuzi alikuwa mtu wa tatu, akahukumiwa. Mahakama ilimsamehe aliyeijua tarehe asifike, ikamwadhibu asiyeijua. Mzani wa namna hiyo hauwezi kuitwa wa haki, hata kama kila jiwe lake lina mhuri wa serikali.

Mtu ambaye shauri lake bado li hai yampasa kulifuatilia. Hilo hatulikatai. Lakini shauri likifutwa, wajibu huo umemtoka. Hana sababu tena ya kukaa mlangoni pa mahakama kama mbwa anayengoja mfupa. Basi wajibu wa kumtafuta umerudi kwa yule anayelifufua shauri, na kwa mahakama inayolifufua. Aliyeambiwa aende nyumbani, afuatwe nyumbani.

Ni kweli pia kwamba maneno ya mahakama hayafanani yote. Mwaka 1959 Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki, katika rufani ya Chama cha Ushirika cha Ngoni-Matengo, ilipambanua kati ya kuondoa rufani kitabuni na kuifuta. Kuondoa maana yake hapakuwa na rufani halali ya kuamuliwa. Kufuta maana yake ilikuwapo, nayo imemalizwa. Mtu wa kawaida haoni tofauti hiyo. Ndiyo maana twapenda hakimu, anapofuta shauri la mdai aliyekosa kufika, amweleze mdaiwa kwa maneno mepesi kwamba mwenziwe bado anaweza kuomba lirejeshwe, na kwamba ikiwa hivyo ataitwa. Maneno hayo hayapotezi hata dakika moja.

Wako watakaosema: Mnataka mambo mengi. Katiba yenyewe yataka haki isicheleweshwe, wala mahakama zisifungwe na ufundi wa kisheria. Ndiyo, Ibara ya 107A, iliyoingizwa mwaka 2000, yasema hivyo. Lakini Ibara hiyo hiyo yaanza kwa kutaka haki itendwe kwa wote, na yakataza kuchelewesha pasipo sababu ya msingi. Kumwita mtu ambaye mali yake iko hatarini ni sababu ya msingi kuliko zote. Na wito si ufundi. Ufundi ni kumfukuza mtu kwa sababu amesahau nukta katika hati yake. Kumwambia mtu siku ya shauri lake ndio mwanzo wa shauri lenyewe.

Tena Ibara ya 13(6)(a) yataka kila mtu, haki zake zinapoamuliwa, apewe nafasi ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika rufani ya kampuni ya Mbeya-Rukwa Autoparts, Rufani ya Madai Na. 45 ya mwaka 2000, ilieleza kwamba haki hii ya asili si kanuni tuliyoirithi tu kutoka sheria za Kiingereza. Imekuwa haki ya msingi ya kikatiba. Na katika Maombi ya Madai Na. 33 ya mwaka 2002 Mahakama hiyo ilikwenda mbali zaidi: uamuzi uliotolewa pasipo kumsikiliza mhusika utabatilishwa, hata kama angesikilizwa uamuzi ungekuwa ule ule.

Jambo hili la mwisho lawashangaza wengine. Wauliza: Ikiwa mchuuzi kweli anadaiwa, yafaa nini kumwita? Yafaa sana. Kwanza, hakuna ajuaye kwamba anadaiwa kabla hajasikilizwa. Stakabadhi ziko sandukuni. Pili, mwanadamu si mzigo wa kuamuliwa uende ghala gani. Ni kiumbe mwenye akili na kauli, na kumhukumu pasipo kumwuliza ni kumfanya kana kwamba hana vyote viwili. Mwaka 1723 huko Uingereza, Chuo Kikuu cha Cambridge kilikuwa kimemvua mwalimu mmoja, Richard Bentley, shahada zake pasipo kumwita. Shauri lilipofika mahakamani, jaji mmoja aliwakumbusha watu kwamba hata Mungu hakumhukumu Adamu kabla ya kumwita na kumtaka ajieleze. Mungu alijua kila kitu, walakini aliuliza. Hakimu wa wilaya ajua sehemu ndogo tu, naye asiulize?

Wengine watasema: Wako wadaiwa wajanja, wanaomkimbia tarishi na kujificha. Ni kweli, wapo. Lakini sheria haikuwaacha wadai mikono mitupu. Mahakama yaweza kuruhusu wito ubandikwe mlangoni pa nyumba ya mdaiwa, au utangazwe gazetini, na hayo yakifanyika mdaiwa akanyamaza, kutokuwapo kwake ni kwa mtu wa kwanza. Tunachokataa si kuendelea bila yeye. Tunachokataa ni kuendelea bila kumtafuta.

Wala siku hizi hatuna udhuru mkubwa. Zamani mtu wa Morogoro aliyekuwa na shauri Mahakama Kuu alisafiri kwenda Dar es Salaam. Tangu mwaka 2021 mji wetu una Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki. Mwaka huo huo sheria ilirekebishwa, Kiswahili kikafanywa lugha ya mahakama, na hivyo mtu aliyesoma shule ya msingi aweza kuielewa hati ya wito mwenyewe. Simu imo mfukoni mwa mkulima na mchuuzi. Lakini yafaa tukumbuke kwamba ukaribu wa mahakama haumwiti mtu, lugha haimwiti mtu, wala simu haimwiti mtu ikiwa hapana aliyeipiga.

Basi tutoe shauri letu kwa kila mmoja. Wewe mdai uliyezuiwa, usikate tamaa wala usikawie. Nenda upesi, chukua ushahidi wa kilichokuzuia, iwe ni cheti cha hospitali au barua ya mwenyekiti wa kijiji. Hakikisha mwenzako amepata taarifa, maana hukumu uliyoipata kwa kumvizia itabomolewa kesho, nawe utaanza upya ukiwa na gharama mara mbili. Wewe mdaiwa, shauri likifutwa, tunza stakabadhi zako, na ujue anwani ya mashahidi wako. Ukihama nyumba au kubadili simu, iarifu mahakama. Ukiletewa wito, upokee, na usimtukane tarishi. Na ninyi mnaokaa kitini kuamua watu, kabla ya kusema kwamba fulani hakufika, ulizeni kwanza kama fulani aliitwa, na ni nani aliyeona akiitwa.

Wako watakaosoma haya wakasema: Mimi sina shauri mahakamani. Pengine huna, lakini unalo baraza nyumbani kwako. Wazee wa ukoo wamekaa, wamesuluhisha ugomvi wa ndugu wawili juu ya shamba la mjomba, watu wamekula, wametawanyika. Baada ya mwezi mmoja wa wale ndugu aja usiku kwa mzee mkubwa, analia, anaeleza jambo alilolisahau. Huenda ni la kweli, na huenda yafaa kikao kikae tena. Lakini mzee mwenye hekima hatoi neno usiku ule. Atasema: Nimekusikia, sasa mwite na ndugu yako. Kadhalika baba aliyekwisha kumwachilia mtoto mmoja asimchape asubuhi kwa maneno aliyoletewa na mwingine usiku. Mtoto huyo atajifunza kwamba neno la baba halina mwisho, na kwamba mshindi ni anayesema wa mwisho, penye giza, mwenziwe akiwa amelala.

Ugomvi ukifunguliwa upya, ufunguliwe mbele ya wote wawili, mchana, kila mmoja ameijua siku. Shauri lililofutwa laweza kurejeshwa, nasi twafurahi kwamba laweza. Lakini lirejeshwe kwa watu wote wawili, lisirejeshwe kwa mmoja.